Kila Mumbere Alisikia

Kasese ya hadithi hii iko pale pale unapoijua, chini ya milima ya Rwenzori, na Bwera iko pale pale mpakani, na malori yanapiga honi pale pale yanapopigia. Tofauti ni moja tu. Huku, mara moja katika kila miaka arobaini na miwili, jua hulala saa sita mchana. Mwezi hutoka nyuma ya mlima ukiwa na rangi ya ndizi mbivu, ukapanda bila haraka, ukalifunika jua kama mama anavyomfunika mtoto kwa kitenge. Giza likishika, simu zote hazina maana tena. Unafungua mdomo, unaita jina moja. Mwenye jina, hata awe wapi, anasikia sauti yako sikioni, na mbele ya miguu yake inafunguka njia nyembamba ya mwanga. Akitaka, anapiga hatua moja tu na yuko mbele yako. Asipotaka, anakaa alipo.

Mdomo mmoja, jina moja, basi. Waliokufa hawaitwi, wazee wa zamani walishajaribu wakalia bure. Na giza lenyewe halidumu zaidi ya muda wa sufuria ya maharage kuiva. Jua likiamka njia zinafungwa, na kila aliyeitwa anarudi kwake kwa boda au kwa taksi kama watu wengine.

Basi mwaka huo Bwera nzima ilikuwa na majina mdomoni. Kulikuwa na mzee mmoja aliyeapa kumwita fundi cherehani aliyetoweka na suruali yake ya harusi. Kulikuwa na wasichana waliokuwa wakitabasamu peke yao sokoni, na ukiwauliza watamwita nani wanakuambia shangazi. Lakini hakuna aliyelisubiri giza hilo kama Erina, mjane wa miaka sitini na mmoja, mwenye shamba la kahawa kule Karambi na nyumba ya bati jekundu ukingoni mwa mji.

Erina alikuwa mzoefu. Jua lilipolala mara ya mwisho alikuwa msichana wa miaka kumi na tisa, akasimama kisimani akaita "Samsoni!" Wakaja Samsoni wawili, wote wameloa maji ya ziwa la chumvi la Katwe hadi magotini. Akamchagua mrefu, akamwomba radhi mfupi, na yule mrefu akawa mume wake hadi Mungu alipomchukua. Ungedhani mtu aliyepata Samsoni wawili angejifunza kitu kuhusu majina. Hakujifunza.

Safari hii alitaka kumwita mwanawe wa kwanza, Mumbere.

Hapa lazima nieleze ugomvi wenyewe, na mtanisamehe kwa sababu ni ugomvi wa mwiko. Miaka sita nyuma, msichana mmoja wa Butembo alikuwa akivuka mpaka kila Jumanne na Ijumaa na mzigo wa vitenge vya kuuza soko la Lhubiriha. Aliitwa Consolée. Siku ya kwanza Mumbere alimbebea mzigo kwa kuombwa, siku ya pili kwa kuombwa, siku ya tatu alikuwa amesimama kwenye daraja la mpakani tangu alfajiri na hakuna aliyemwomba. Mwishowe akamleta nyumbani. Consolée alikuwa amelelewa vizuri. Alipoona jiko lina moshi na mwenye nyumba yuko nje, aliinuka mkekani, akaingia jikoni, akashika mwiko akaanza kusonga bundu, ule ugali wa muhogo ambao bila huo mtu wa huku hajala.

Erina akaingia. Akaona mkono mwingine umeshika mwiko wake. Akaona Mumbere ameegemea mlango anacheka, kicheko ambacho yeye mama alikuwa hajakisikia tangu walipomzika baba yake. Wivu ukampanda. Akaunyakua mwiko na kusema, "Mwiko ya hii nyumba haishikwi na mutu wa kupita."

Consolée alinawa mikono. Alisema "Pardon, mama," akatoka. Mumbere akamfuata, na langoni akageuka akasema, "Mama, mimi nitakanyaga kwako siku wewe utakanyaga kwetu." Wakaenda kuishi Kasenyi, kando ya Ziwa George, yeye na mtumbwi, mkewe na biashara ya samaki.

Nasema ukweli: Erina alijuta kabla ile bundu haijapoa. Lakini kujuta ni jambo moja na kupanda boda ni jambo lingine. Kila mwaka alisema ataenda, na kila mwaka kahawa ilikuwa inataka kuchumwa.

"Kasenyi haiko mwezini," Tabisa alimwambia Erina asubuhi ile ya siku yenyewe. Tabisa alikuwa jirani yake na rafiki wa tangu utoto, mtu pekee duniani aliyemwita Erina; wengine wote, kuanzia padre hadi muuza nyanya, walimwita Mama Mumbere, kama ilivyo desturi. "Ni taksi na boda. Miaka sita unangojea mwezi ifanye kazi ya boda!"

"Nikienda, ni mimi nimeshindwa," alisema Erina huku akichochea moto. "Yeye akikuja, ni yeye ameshindwa. Lakini akikuja kwa giza, hakuna mutu ameshindwa. Ni mwezi tu."

Tabisa alimtazama jinsi mtu anavyomtazama mbuzi aliyepanda juu ya paa. "Sasa utaita nani? Mumbere? Wewe Erina, huku kila mama aliyezaa kijana wa kwanza alimuita Mumbere! Ita jina yake ya ubatizo. Ita Aaron."

"Hatajua ni mimi. Aaron ni jina ya padre na ya shule. Mimi sijamuita Aaron hata siku moja."

"Basi ita bibi yake. Consolée. Hiyo hatuko nayo nyingi. Bibi akikuja, bwana atabaki wapi?"

Erina aligonga mwiko ukingoni mwa sufuria. "Hiyo jina haiingii mu mudomo yangu."

"Basi," alisema Tabisa, akakaa kwenye kigoda chake kungoja balaa.

Erina alipika maharage, samaki wa kukausha kwa mchuzi wa karanga, na bundu ya kumtosha mtu mmoja mwenye njaa ya miaka sita. Alifagia uwanja. Alivaa gomesi yake ya Krismasi. Karibu saa sita mwezi ukachomoza, na mji ukaanza kupiga kelele za furaha juu ya mapaa. Theluji ya mlimani ikageuka kijani kama jani changa la mgomba. Kuku wakapanda kulala wakinung'unika. Upande wa Karambi mibuni yote ikachanua kwa pamoja, bila kungoja msimu wake, harufu ikashuka hadi barabarani, na madereva wakazima injini ili wainuse vizuri.

Giza likashika. Kila upande watu wakaanza kuita. Erina akasimama katikati ya uwanja, akapiga moyo konde, akavuta pumzi hadi kwenye visigino. Akaita kama alivyokuwa akiita jioni zote za utoto wa yule mtoto, akivuta ile herufi ya mwisho hadi mtoni:

"Mumbereee!"

Kisha ukingoni mwa uwanja ukafunguka mstari wa mwanga, na mtu akatokea. Erina alinyoosha mikono. Alikuwa afande wa mpakani, mwenye kofia na buti, pasi ya kusafiria ya mtu mwingine bado mkononi.

"Nani ameita?" aliuliza kwa ukali. Kisha akavua kofia. "Samahani, mama. Nilisikia mama anaita."

Kabla hajamaliza akatokea dereva wa boda pamoja na boda yake, na nyuma yake abiria, mwanamke aitwaye Rashidah aliyekumbatia kuku, ambaye hakuwa Mumbere wa aina yoyote. "Mimi nilikuwa naenda kliniki!" alilalamika. Akatokea mtu wa umeme kutoka Bugoye na kofia yake ngumu kichwani. Akatokea katekista aliyekuwa katikati ya sala, akaimalizia palepale. Akatokea kijana mwenye sabuni mwili mzima na taulo dogo, akaomba apewe hata gunia. Mistari ya mwanga ilifunguka kwenye ua, kwenye migomba, juu ya shimo la taka, na kila mmoja ulileta Mumbere. Tabisa alihesabu hadi arobaini na saba akachoka. Hao wote hawakuwa wajinga. Wengi walijua kabisa sauti si ya mama yao. Lakini mtoto wa kwanza wa huku amelelewa kukimbia akisikia jina hilo likivutwa namna hiyo, na miguu ilikuwa imeshapiga hatua kabla kichwa hakijauliza.

Wa mwisho kufika alikuwa mzee mwenye mkongojo, meno matatu, koti la suti. Erina akaona aibu. "Baba, unisamehe. Sikukuita wewe."

"Najua," alisema mzee, na macho yake yalikuwa yameloa. "Mama yangu alikufa nikiwa kijana mudogo. Mimi sijaitwa hivyo miaka sabini na kitu. Nikasema, hata kama ni makosa, nitaenda."

Erina alipita kati yao akiwatazama nyuso mmoja mmoja, juu chini, kama mtu anayetafuta mbuzi wake kwenye zizi la watu. Mwanawe hakuwemo. Akazunguka tena. Hakuwemo. Hapo ndipo alipokaa juu ya kinu kilichopinduliwa, mwiko mkononi, gomesi ya Krismasi vumbini.

Alikuwa amesikia. Hilo ndilo lililomuuma. Mumbere wote kutoka Bugoye hadi ng'ambo walisikia, basi hata wake alisikia, na njia ilifunguka mbele ya miguu yake, naye akakaa. Alisema hatakanyaga, na hakukanyaga. Mdomo wa Erina ulikuwa umemaliza kazi yake. Giza lijalo angekuwa na miaka mia na mitatu.

"Kichwa ngumu," alisema, akilia waziwazi. "Kichwa ngumu kama ya mama yake."

Wale Mumbere walisimama hawajui mikono waiweke wapi. Wengine walianza kusema watamwita wao, lakini afande alikumbusha kwamba wakimwita Mumbere watajiita wenyewe, na Tabisa akaongeza kwamba hata wakiita Aaron, jina lake la ubatizo, sauti isiyo ya mama hataijali. Tabisa alifanya alilolijua: akaanza kupakua chakula. Bundu ya mtu mmoja haigawiki kwa watu hamsini, lakini watoto wa kwanza ni watu wa kujituma. Mmoja akaenda kupasua kuni, mwingine akaanza kumenya muhogo, na yule wa gunia akatumwa maji.

Ndipo Erina aliposikia.

Ilikuwa sauti ya mwanamke, karibu kabisa na sikio lake la kushoto, sauti yenye uimbaji wa Butembo. Ilisema, "Mama Mumbere!"

Aliijua mara moja. Alikuwa ameisikia siku moja tu maishani mwake, ikisema pardon. Mkwe wa huku hatamki jina la mama mkwe wake, hata nyumba ikiwa inaungua. Kwa hiyo Consolée alikuwa ameita hivyo hivyo kama wanavyoita wote. Na mbele ya viatu vya Erina, pale vumbini, njia ikafunguka, nyembamba, ya rangi ya mwezi.

"Nini?" aliuliza Tabisa, ambaye mtoto wake wa kwanza ni msichana, hivyo hakusikia kitu.

"Ananiita."

"Nani?"

"Yeye. Bibi ya Mumbere."

Tabisa aliweka bakuli chini. Erina aliitazama njia, akatazama nyumba yake, akaitazama njia tena. Miaka sita ya kiburi si mzigo wa kutua kwa mara moja. Mtu anauzoea hadi anadhani ni mgongo wake. Juu, ukingo wa mwezi ulikuwa umeanza kung'aa. Njia ikafifia kidogo.

Yule mzee wa mkongojo akakohoa. "Mama," alisema, "mimi nimeitwa kwa makosa na nimekuja. Wewe umeitwa kweli."

Erina akainuka. Akajifuta macho kwa mkono wa gomesi. "Tabisa, angalia hawa watoto," alisema, akapiga hatua.

Alikanyaga mchanga wenye magamba ya samaki. Upepo wa ziwa ulimpiga usoni, na mbele yake kulikuwa na mitumbwi iliyopinduliwa, na kati yake na mitumbwi kulikuwa na akina mama. Akina mama chungu nzima! Mmoja alikuwa na unga hadi viwikoni, mmoja kichwa kimesukwa nusu, mmoja ameshika jembe, wawili wanagombana kwa Lhukonzo nani amemkanyaga nani. Wote walikuwa na mtoto wa kwanza wa kiume. Wote walikuwa wameitwa.

Katikati yao, mikono kichwani, alisimama Consolée. Alikuwa amenenepa kidogo, uso ni ule ule.

"Pardon, bamama, pardon!" alikuwa akisema. "Mi niliita moja tu! Moja tu!" Kisha akamwona Erina na mwiko wake, akapiga magoti.

"Inuka," alisema Erina. "Kwa nini uliniita?"

"Bwana yangu alisikia sauti yako, mama. Alisimama. Akakaa. Akasimama tena, machozi inatoka. Anasema, nilitoa neno yangu, sitarudia. Mi nikaona, bon, mu hii famille lazima mutu moja ashuke. Mi sina shida ya kushuka. Nikakuita."

"Na mudomo yako ulikuwa umeiwekea nani?"

Consolée aliangalia chini. "Mama yangu. Iko Butembo. Barabara ya Beni haiko muzuri, ni miaka nne sijamuona. Lakini haiko kitu, mama."

Haiko kitu! Erina alisikia haya ikimpanda kutoka miguuni. Binti huyu alikuwa na jina moja tu la kuita kabla ya uzee, akamwita yeye, mnyang'anyi wa mwiko. Alifungua mdomo atamke lile jina lisiloingia mdomoni mwake. Lilikuwa tayari, liko ulimini.

"Consolée!" mtu mwingine akalisema, kwa sauti kuu, nyuma yao.

Alikuwa mwanamke mfupi mwenye kitenge cha Misa na kilemba cha kufanana, anatembea kwa hasira ya mtu aliyekimbizwa. "Kumbe ni hapa unakaa? Niko nasikia mutoto wangu ananiita Mama Mumbere kama mutu wa soko. Nikasema, huyu amesahau mi ni mama yake? Nikarudi kwanza mu nyumba nivae, siwezi kukuja na nguo ya shamba."

Consolée alitoa sauti isiyo neno. Kaka yake mkubwa, kule Butembo, aliitwa nani? Mumbere, angeitwa nani tena. Maisha yake yote alikuwa amemwita mama yake mama, tu, na kwa hiyo hakuwahi kufikiri kwamba kwa majirani wa Butembo yeye pia ni Mama Mumbere. Kaswera, ndilo lilikuwa jina lake, alifungua mikono, na bintiye akamwangukia kifuani na kumharibia kilemba. Akina mama wote wa Kasenyi siku ile walilia, hata wale waliokuwa wakigombana, na yule wa jembe akapiga vigelegele hadi ndege wa ziwani wakaruka.

Palepale jua likaamka. Njia zikafungwa, ziwa likang'aa, viboko wakazama tena kwa aibu kama watu walioonekana usingizini.

Erina aligeuka. Mlangoni mwa nyumba ya mbao, hatua tatu tu, alisimama mwanawe, ndevu zimeota, macho mekundu. Mtoto wa miaka mitatu alikuwa ameshika suruali yake.

"Mama," alisema Mumbere. "Umekanyaga."

"Nimekanyaga," alisema Erina. "Na viatu imejaa magamba. Kuja hapa."

Akaja. Sitaeleza walivyokumbatiana, kila mwenye mama anajua. Nitasema tu kwamba mtoto aliangalia lile tukio kwa makini, kisha akauliza, "Mukaka, kwa nini uko na mwiko?" Ndivyo huku wanavyomwita bibi mzaa baba, naye alikuwa amefundishwa neno hilo kabla hajaonyeshwa mwenyewe. Erina aliuliza mtoto anaitwa nani, akajibiwa Mumbere, akacheka hadi akakaa mchangani.

"Sasa hata wewe ni Mama Mumbere," alimwambia mkwe wake. "Ungejiita mwenyewe."

Ikabaki kazi ya kuwarudisha watu. Isa, dereva wa lori la samaki, alikuwa anaenda mpakani siku ile. Akaona akina mama thelathini na kitu wanamtazama, akafungua mlango wa nyuma bila kuambiwa. Mumbere alimpigia Tabisa simu, maana simu zilikuwa na maana tena. Tabisa akasema kwamba wale Mumbere wengi bado wapo, wamekataa kuondoka kabla ya kujua mwisho wake. Lori likaondoka likinuka samaki na kuimba. Walishuka wachache Kasese mjini, wengine njia panda. Lakini wengi walisema lazima waione hiyo nyumba ambayo watoto wao wamekula bure.

Jua lilikuwa limeinama walipofika Bwera. Uwanja ulikuwa umefagiliwa upya. Bati lililokuwa likivuja tangu Pasaka lilikuwa limepigwa misumari, sufuria tatu za kuazima zilikuwa motoni, na Rashidah, ambaye kuku wake alikuwa ametaga katika msukosuko ule, alikuwa amesahau kliniki na kuamrisha watu. Mama alipomwona mwanawe, mwana alipomwona mama, ikawa kelele: yule wa gunia alikaripiwa na mama yake mbele ya watu wote kwa kwenda ugenini bila suruali.

Afande alimsogelea Kaswera akiwa amevaa kofia yake ya kazi. "Wewe mama. Kutoka Congo umepita wapi?"

"Mu giza," alisema Kaswera.

Afande aliwaza. Akatazama ile pasi ya mtu iliyokuwa bado mfukoni mwake. "Giza haiko na kituo," alisema mwishowe. "Ijumaa upite kwangu, tuandike. Sasa kula."

Sufuria kubwa ilikuwa imefika pale pa kusongwa. Maji yalikuwa yanachemka na unga wa muhogo ulikuwa tayari ndani ya ungo, na vijana walikuwa wamesimama kando wakiogopa, kwa sababu kusonga bundu ya watu mia si mchezo. Erina alisimama karibu na moto, mwiko wake mkononi, ule ule uliovuka giza naye. Uwanja ulikuwa umejaa akina Mumbere na akina Mama Mumbere, mia wakipiga soga kwa pamoja, na alijua vizuri kwamba akiita jina lolote kati ya hayo mawili hawezi kumaliza kuitikiwa hadi kesho.

Akavuta pumzi. Akanyoosha shingo kama siku ile kisimani.

"Consolée!" aliita, akivuta ile herufi ya mwisho hadi mtoni.

Katika uwanja mzima aligeuka mtu mmoja tu.

Alikuja taratibu kati ya watu, akifuta mikono kwenye kitenge, hajui anaitiwa nini. Erina akampa mwiko. Neno alilokuwa nalo alikuwa ameshalisema. Consolée aliutazama mwiko, akautazama uso wa mama mkwe wake. Kisha akakunja mikono ya blauzi, akamwaga unga, akaanza kusonga.

"Songa kwa nguvu," alisema Erina, akivuta kigoda ili akae karibu naye. "Hawa watu wako wengi."